Wakamani: si majini, si maroboti, wala hawarudishi jana

Wiki mbili zilizopita, sokoni Mtwara, mama mmoja alinisimamisha akiwa na saa ya ukutani mkononi, ile ya plastiki, bado iko kwenye nailoni yake. Tukasalimiana, tukaulizana ya nyumbani, kisha akasogea karibu na kushusha sauti. "Kaka, hii nayo ina mtu ndani?"

Sikucheka, maana nilijua swali lilikotoka. Kuna picha imezunguka kwenye magrupu ya WhatsApp: mtu wa shaba, kifua wazi, ndani magurudumu ya meno, amesimama kwenye mchanga wa Msimbati wakati maji yamekupwa. Chini yake mtu ameandika kwamba kiumbe huyo anaitwa Mkamani, anakula muda wa watu, na ukimwona usimtazame usoni. Maneno hayo yamechanganywa na vipande vya hadithi ninazowarekodia wapwa zangu kwa simu. Wapwa wakawatumia rafiki zao, rafiki wakawatumia mama zao, na sasa nasimamishwa sokoni.

Basi tuanze na lililo rahisi. Wakamani hawapo. Nimewabuni mimi, nikiwa nimekaa barazani. Ile picha imetengenezwa na akili mnemba, na ukiikuza utaona mkono wa kulia una vidole sita na saa ya kifuani ina namba kumi na moja tu badala ya kumi na mbili. Aliyesema amemwona Msimbati kaona picha.

Ila kusema "ni hadithi tu" nikaondoka nimeona hakutoshi. Wanaoniuliza si wajinga. Hadithi yoyote ya uchawi ina kanuni zake, hata zile za Sungura na Fisi zina kanuni, na hizi za Wakamani zimevurugwa mpaka mimi mwenyewe sizitambui. Nitazieleza kama nilivyozitunga, na pale zinapogusa mambo ya kweli nitasema kwamba hapa tumetoka kwenye hadithi.

Kamani kwanza

Neno si langu. Ukifungua saa ya zamani isiyo na betri, utakuta utepe mwembamba wa chuma umezungushwa duara juu ya duara, kama ukili uliokunjwa unaosubiri kushonwa mkeka. Utepe huo ndio kamani. Ukitia ufunguo unaukaza. Ukiuacha, unataka kurudi ulivyokuwa, na katika kule kurudi ndiko saa inakotembea. Kwa hiyo saa ya kamani haina nguvu yake yenyewe hata kidogo. Inatumia nguvu ya mkono wako, iliyowekwa akiba.

Kwa babu yangu, Mikindani, kulikuwa na saa ya ukutani ya siku nane. Kila Ijumaa, akishaoga na kuvaa kanzu, kabla hajatoka kwenda msikitini, alipanda kistuli, akafungua kimlango cha kioo, akaingiza ufunguo wa shaba. Krr, krr, krr. Mizunguko kumi na minne. Aliihesabu kwa midomo bila sauti, na ole wako umsemeshe katikati.

Nilipokuwa na miaka tisa niliifungua kwa bisibisi nione kinacholia ndani. Nililegeza skrubu nisiyotakiwa kuigusa. Kamani ikaruka kama nyoka, ikanichana kidole gumba, ikabaki inatetemeka sakafuni katikati ya vigurudumu. Alama bado ninayo. Babu hakunipiga. Alitazama sakafu, akatazama kidole changu, akasema, "Umeachia wiki nzima kwa mpigo mmoja."

Wakamani walizaliwa siku hiyo, ingawa jina walipata miaka mingi baadaye.

Kuna kitu cha pili ndani ya saa ambacho bila hicho kamani ni hatari tupu. Ni kijichuma chenye ncha mbili kinachokaa juu ya gurudumu la meno, kinapandisha upande huu, kinashusha ule, na kila kikifanya hivyo kinaruhusu jino moja tu lipite. Mtu aliyewahi kupanga ndoo kwenye bomba huko Newala ataelewa haraka. Maji yapo, watu wapo, na yuko mama mmoja mkali aliyesimama pale mbele akisema wewe, sasa wewe, sasa wewe. Bila yule mama, maji yote yatamwagika kwa dakika tano na watu watapigana. Ile sauti ya "tik, tik" unayoisikia kwenye saa ni huyo mama anavyoita ndoo.

Wakamani wenyewe

Mkamani ni kiumbe kirefu kidogo kuliko mtu, mifupa ya shaba nyeupe kwa nyekundu, viungo vya mpingo. Uso wake umechongwa, haukumiminwa kwenye kalibu, kwa hiyo hakuna wawili wanaofanana. Nilisisitiza mpingo kwa sababu hapa kwetu, ukitaja kitu kilichochongwa kikawa na roho, kila mtu anaona mkono wa Mmakonde. Tena kuna ule mtindo wa kinyago cha ujamaa, watu wamepandana mmoja juu ya bega la mwingine, wote wametoka kwenye gogo moja, ukimwondoa mmoja wote wanaanguka. Magurudumu ya saa yamekaa vilevile, jino la huyu limeshika jino la yule. Wapwa zangu walipoona kinyago hicho hawakuhitaji nieleze gia ni nini.

Kifuani kuna kamani kubwa, na kwenye mgongo, kati ya mabega, tundu la ufunguo. Hapo ndipo penye siri ya tabia yao yote. Mkamani hawezi kufika mgongoni mwake mwenyewe. Lazima atiwe ufunguo na mwingine.

Walitoka wapi? Katika hadithi, walishuka Kilwa Kisiwani kwa jahazi, wakati wa kaskazi, enzi za masultani, pale kasri la Husuni Kubwa lilipokuwa linajengwa. Hii nimeiegemeza kwenye mambo ya kweli. Mwaka 1206, kwenye mji ambao leo ni Diyarbakır nchini Uturuki, fundi aliyeitwa al-Jazari alimaliza kitabu cha mitambo yake ya ajabu. Mmoja ni saa yenye umbo la tembo. Ndani ya tumbo la tembo kuna tangi la maji, na juu ya maji inaelea bakuli yenye kitundu. Bakuli inajaa polepole na kuzama. Ikizama inavuta kamba, tufe la chuma linadondoka kutoka kwenye mdomo wa ndege, nyoka analidaka, uzito unamwinamisha, anainua bakuli tena, na mwendesha tembo anapiga ngoma yake. Nusu saa imepita. Halafu yote yanaanza upya.

Ibn Battuta, yule msafiri wa Morocco, alifika Kilwa mwaka 1331. Dini, nguo, vyombo vya udongo na habari vilikuwa vinasafiri kwa pepo zilezile. Kwamba fundi mmoja alibeba maarifa ya mitambo mpaka huku, hilo ni la kwangu, msilinukuu kwenye mtihani wa historia.

Na hapa nikiri kosa. Mwalimu mmoja wa sekondari alinitumia ujumbe mrefu kwamba mwaka 1331 hakukuwa na saa za kamani duniani. Yuko sahihi. Al-Jazari alitumia maji na uzito, na kamani ziliingia kwenye saa huko Ulaya katika karne ya 15. Nilikuwa nimeteleza. Badala ya kufuta nikaongeza kizazi, na naona hadithi imependeza zaidi: wa kwanza kushuka walikuwa Wamaji, wazee wao, wenye bakuli yenye kitundu kifuani badala ya kamani. Wakamani ni watoto wao.

Wamaji wanafuata bahari. Mvuvi yeyote wa Msangamkuu anajua kwamba toka maji kujaa mpaka kujaa tena ni kama saa 12 na dakika 25, ndiyo maana kesho yanajaa yamechelewa kwa dakika 50 hivi kuliko leo. Anajua pia kwamba mwezi ukiandama na ukiwa mpevu huja bamvua, maji yakapanda na kushuka mita tatu na zaidi, na katikati yake huja maji mafu, bahari ikawa kama imesinzia. Mmaji wakati wa bamvua ana nguvu ya kunyanyua mashua. Wakati wa maji mafu anaongea kama mtu aliyemeza dawa ya usingizi. Hawezi kukaa bara, na kupanda uwanda wa Makonde hawezi kabisa, kwa sababu kule juu maji yamekuwa shida vizazi na vizazi. Kina mama walikuwa wanateremka bondeni na kupanda tena na mtungi kichwani kwa ajili ya maji ya siku moja.

Mkamani yeye anabeba nguvu zake kifuani, kwa hiyo anafika Newala, anafika Tandahimba, anafika Nachingwea. Ndiyo tofauti yote. Wanaowachanganya Wamaji na Wakamani ndio wanaoandika eti Mkamani anaonekana baharini wakati wa bamvua. Huyo ni babu yake.

Uchawi wa muda, na kangomba

Sasa penye utata wenyewe. Watu wanasema Mkamani "anatengeneza muda". Hapana. Kanuni ya kwanza na ya mwisho ni kwamba muda hautengenezwi, unahamishwa. Kamani haina wiki ndani yake mpaka mkono wa babu uiweke. Mkamani vilevile: akirefusha dakika mahali hapa, dakika hizo kazitoa mahali pengine, na anayetolewa anahisi.

Mfano wa hadithi ya tatu, ile iliyozunguka zaidi. Mtumbwi unapinduka jioni kati ya Msangamkuu na mjini, watu wanne majini, mashua ya kuwaokoa iko mbali. Mkamani amesimama ufukweni. Anakaza, anarefusha dakika kumi juu ya kile kipande cha maji: mawimbi yanapanda taratibu kama asali, pumzi moja ya mtu inadumu. Mashua inafika. Wote wanatoka hai. Lakini usiku ule kijijini wali haukuiva, kila sufuria ilibaki na mchele mgumu wakati watu wanaapa wameshapika muda wote unaotakiwa. Mtoto aliyelala alishtuka akidhani amesinzia kidogo tu, kumbe kumekucha. Dakika zilitoka kwao. Na hazikuwa kumi, zilikuwa kumi na tatu.

Hizo tatu za juu ndizo watu hawaelewi, na nilihangaika kuzieleza mpaka mkulima mmoja wa Tandahimba akanimalizia kazi. Akasema, "Si kangomba hiyo?"

Ndiyo hiyohiyo. Kwa msomaji wa mbali: kangomba ni biashara ya kununua korosho zikiwa bado mtini. Mwezi ambao ndani hamna kitu, mtu anakuja na hela kidogo au mfuko wa unga. Msimu ukifika, kuanzia Oktoba hivi, unamlipa kwa korosho ambazo thamani yake ni kubwa mara kadhaa kuliko ulichopokea. Unga ulikuwa wa kweli, watoto walikula. Deni nalo ni la kweli. Mkamani akirefusha muda bila maandalizi anapiga kangomba ya dakika, na kijiji ndicho mkulima.

Njia ya pili ni ya uvumilivu. Watu wanampa dakika mapema, kwa hiari, mmoja mmoja, kila mtu anapomtia ufunguo. Zinakaa kifuani mpaka zitakapohitajika. Hii naifananisha na stakabadhi ghalani, mfumo ulioanza kwenye korosho za huku Mtwara msimu wa 2007/2008: unapeleka mzigo ghalani, unapewa karatasi, mzigo unasubiri mnada. Nakujua kunung'unika kwa watu kuhusu malipo kuchelewa, na kwenye hadithi ya tano nimeyaweka manung'uniko hayo, kuna bibi anadai dakika zake tangu mwaka juzi. Lakini kimsingi ni akiba, na akiba haina riba ya kangomba.

Mpaka wa uchawi wenyewe ni sauti. Pale "tik" ya kifua chake inaposikika, hapo ndipo anapoweza kukunja au kunyoosha muda. Ukiziba masikio uko nje. Ngoma ikipigwa kwa nguvu hana kazi. Kwa wanaoogopa: harusi yoyote ya Mtwara ingemmaliza.

Yanayosemwa ambayo sivyo

Kwamba ni majini. Hili nililipeleka kwa mzee jirani yangu, mtu wa msikitini, kwa sababu sikutaka kuvunja heshima ya mtu. Nilimwamkia, akaitika marahaba, nikamsimulia kutoka mwanzo. Alisikiliza huku anachambua mchele wa mkewe. Mwisho akasema, "Mwanangu, kitu kinachosubiri ufunguo hakiwezi kuwa jini. Jini hana haja na wewe." Sina la kuongeza.

Kwamba ni maroboti. Roboti anaendeshwa na umeme na maagizo aliyoandikiwa. Mkamani hana maagizo, ana deni. Basi.

Kwamba anaweza kurudisha jana. Hili ndilo ninaloulizwa zaidi, na wanaouliza huwa na sababu. Mama mmoja alitaka kujua tu "kama ingekuwa kweli", na nilimwona machoni anamfikiria nani. Jibu liko ndani ya saa. Ile sauti ya krr wakati wa kutia ufunguo inatoka kwenye kijichuma kidogo kinachokaa kwenye meno ya gurudumu na kulizuia lisirudi nyuma. Ukikiondoa, kamani inafyatuka na kukata kidole, mimi ni shahidi. Kila Mkamani anacho kijichuma hicho. Kwenye hadithi ya nne mmoja alikitoa kwa makusudi ili amrudishe rafiki yake, na kilichotokea hakikuwa jana. Wiki nane zilizokuwa kifuani mwake zilitoka kwa mpigo mmoja, na mwembe aliokuwa ameuegemea ukachanua, ukazaa, ukaoza matunda na kukauka kabla hajaanguka.

Kwamba mifupa yao ilichimbwa Lindi. Hapana, huyo ni mjusi wa Tendaguru, na yeye si hadithi. Wajerumani walichimba pale kuanzia 1909 hadi 1913, vibarua wa huku wakabeba mizigo kichwani kwa siku kadhaa mpaka bandari ya Lindi, na mifupa yenye umri wa miaka kama milioni 150 ikaenda Berlin, ambako mjusi mmoja amesimama mpaka leo akiwa na kimo cha zaidi ya mita 13. Ajabu ni kwamba kijana aliyebisha kuhusu mjusi ndiye huyohuyo aliyeamini picha ya Msimbati.

Kwamba Mkamani wa kigeni na wa kwetu hawaelewani. Hili ni kweli kwenye hadithi, ila si uadui. Wa kwetu anahesabu kuanzia jua linapotoka, kwa hiyo simu ikiandika 10:00 yeye anasema saa nne, kama sisi sote. Wa kigeni anaanzia usiku wa manane. Wakipeana miadi mmoja anawahi kwa saa sita. Kuna na lingine dogo: saa zetu za Afrika Mashariki zimepangwa kwa mstari wa nyuzi 45, wakati Mtwara iko kwenye nyuzi 40 hivi, kwa hiyo jua letu liko nyuma ya saa kwa dakika kama 20. Kigoma ni zaidi ya saa nzima. Mkamani anayesikiliza jua na anayesikiliza redio hawawezi kukubaliana hata ndani ya Tanzania.

Na je, muda wa kweli unanyooka? Nimeulizwa na wanafunzi, nami nawajibu: ndiyo, kidogo mno. Mwaka 1971 wanasayansi wawili wa Marekani walipanda ndege za abiria na saa za atomu, wakazunguka dunia, na waliporudi saa zao zilitofautiana na zilizobaki chini kwa sehemu ndogo ya milioni moja ya sekunde. Saa za satelaiti zinazoiambia simu yako uko wapi zinakimbia kuliko zetu kwa kama sehemu 38 za milioni ya sekunde kila siku, na zisiporekebishwa, baada ya siku moja ramani ya bodaboda itakuwa imekosea kilomita kama kumi. Hapo hakuna uchawi. Ni mwendo na mvuto wa dunia. Wala wali hauchelewi kuiva.

Swali la mwisho sikuulizwa sokoni, niliulizwa nyumbani. Juzi nilimpandisha mpwa wangu mdogo kwenye kistuli kilekile, kwa saa ileile, fundi aliirudisha zamani. Akatia ufunguo, krr, krr, akahesabu kwa sauti mpaka kumi na nne. Halafu akageuka.

"Mjomba, kama kila anayetia ufunguo anatoa muda wake, babu alitoa ngapi?"

Nikamwambia dakika mbili kila Ijumaa, kwa miaka arobaini hivi. Akaomba simu, akapiga hesabu huku bado yuko juu ya kistuli. Dakika 4,160. Akagawanya, akagawanya tena.

"Siku tatu kasoro saa mbili na dakika arobaini," akasema. Akasogeza sikio kwenye kioo, akanyamaza kusikiliza kama zimo.